Opiliones si 'wachungaji': maana ya jina na matumizi yake

Mwezi jana mwanafunzi wangu wa zamani, ambaye siku hizi ni mfasiri, alivuka feri akaja kuniona hapa Timbwani na mswada mkobani. Ni kitabu cha watoto kuhusu viumbe wadogo wa msituni. Kiliandikwa kwa Kiingereza na sasa kinatakiwa kiingie madarasani kwa Kiswahili. Alitaka niupitishie macho tu. "Si kazi kubwa, Mwalimu," aliniambia. Nilimwamini, kwani sikuwa nimefika ukurasa wa kumi na nane.

Katika ukurasa huo nilikutana na sentensi hii: 'Wachungaji hutembea usiku wakitafuta wadudu na mizoga, na wakitishwa hutoa harufu mbaya.' Nikavua miwani, nikaipangusa, nikaivaa tena. Mistari miwili chini yake: 'Kundi kubwa zaidi la wachungaji ni wachinjaji.'

Lo! Nilicheka peke yangu barazani hadi watu wa nyumbani wakatoka kuuliza kulikoni. Lakini kicheko kilipokwisha nilibaki na swali ambalo halichekeshi. Mfasiri huyu si mvivu, wala hakukosea kamusi. Katika Kilatini opilio ni mchunga kondoo, na Opiliones ni wingi wake. Laniator naye ni mchinjaji, mrarua nyama, na wingi wake ni Laniatores. Nilipompigia simu alinijibu kwa kujiamini: "Mwalimu, nimefasiri neno kwa neno, kamusi ya Kilatini iko mbele yangu."

"Kamusi unayo, mwanangu," nikamwambia. "Kondoo je, unao?"

Alicheka, ila hakukubali. Mtoto wa gredi ya tano, alisema, atafaidika nini na neno Opiliones? Kisha akaongeza: "Na wewe ndiye uliyetufundisha kwamba istilahi nzuri ni ile iliyo wazi, msomaji akiiona tu ajue inasema nini." Hapo alinishika pabaya, maana ni kweli niliyafundisha hayo, tena kwa miaka mingi. Makala haya basi ni uhakiki wa ukurasa mmoja wa mswada, na kwa kiasi fulani ni uhakiki wa somo langu mwenyewe.

Kwanza tumjue kiumbe anayezungumziwa. Ana miguu minane, ambayo kwa baadhi ya jamii zake ni mirefu na myembamba kama uzi. Ni ndugu wa buibui, nge, kupe na papasi, wote wakiwa katika kundi la araknida. Lakini yeye si buibui. Buibui ana kiuno chembamba kinachoukata mwili sehemu mbili, ilhali mwili wa huyu ni mmoja, kama punje ya kunde iliyopewa miguu. Buibui wengi wana macho manane. Huyu kwa kawaida ana mawili, na mara nyingi yamekaa juu ya kinundu kama taa juu ya mnara. Hana tezi za hariri, kwa hiyo hatandi utando. Hana sumu. Buibui huyayeyusha mawindo yake kwanza kisha akafyonza mchuzi, lakini huyu humega na kumeza vipande. Ukimkamata mguu atakuachia mguu wenyewe aende zake, nao hubaki ukitikisika mkononi mwako, wala hauoti tena. Wataalamu wamekwisha kueleza aina zaidi ya 6,500, na mabaki yake yaliyogeuka mawe kule Rhynie, Uskoti, yana umri wa takriban miaka milioni 410. Si mgeni duniani. Sisi ndio wageni kwake.

Katika Kiswahili cha kila siku huyu huchanganywa tu na buibui, na sababu yake naiona wazi. Watu wa pwani tumewapa majina araknida wanaotudhuru: nge, kupe, papasi, utitiri. Buibui amepata jina lake kwa kuzichafua dari zetu na utando, yaani tandabui, na vazi jeusi la mama zetu nalo likaitwa buibui. Lakini asiyeuma, asiyetanda na asiyeliwa amekaa chini ya majani makavu ya Shimba Hills na misitu ya kaya bila mtu kuona haja ya kumwita.

Mataifa mengine yamemwita, na kila moja limemwita kwa kuangalia maisha yake lenyewe. Waingereza humwita mtu wa mavuno, kwa sababu kwao huonekana kwa wingi majira ya kuvuna yanapofika. Wafaransa humwita mkata nyasi kwa fyekeo, na Wajerumani mtumishi wa mfumaji, ingawa hajafuma hata uzi mmoja tangu aumbwe. Kwa Waholanzi yeye ni gari la nyasi kavu. Hakuna hata jina moja hapo linaloeleza mwili wake. Yote yanaeleza mashamba na karakana za Ulaya. Mfasiri anayeleta 'mvunaji' Likoni atuambie basi ni mavuno yapi, ya masika au ya vuli.

Haya, tuje kwenye jina la kisayansi, ambalo watu hudhani limesalimika na mambo haya. Mwaka 1758 Linnaeus, katika toleo la kumi la *Systema Naturae*, alimpa kiumbe wa Ulaya wa jamii hii jina Phalangium opilio. Tulifumue jina hilo. Phalangium limetokana na neno ambalo Wayunani wa kale walilitumia kwa buibui wenye sumu. Opilio, tumekwisha kusema, ni mchunga kondoo. Kwa hiyo ukifasiri neno kwa neno utapata 'buibui wa sumu mchunga kondoo'. Kiumbe mwenyewe si buibui, hana sumu, na hajawahi kuchunga chochote. Wapo wanaolieleza neno opilio kwa kuwataja wachunga kondoo wa Landes, kusini-magharibi mwa Ufaransa, ambao zamani walitembea juu ya mironjo ili waone kundi lao kwa mbali. Inapendeza kusimulia, lakini hata ikiwa kweli haituambii lolote juu ya kiumbe ila kwamba ana miguu mirefu, na aina nyingi za jamii hii wala hazina miguu mirefu.

Hivyo jina limekosea mara tatu, na linafanya kazi tangu 1758 bila matata. Mtaalamu wa Nairobi, wa São Paulo na wa Tokyo wakilisoma wanamfikiria kiumbe yule yule. Kanuni za kimataifa za majina ya wanyama, ambazo toleo lake la nne lilianza kutumika Januari 2000, zinasema bayana kwamba jina halikataliwi kwa sababu maana yake haimfai mwenyewe. Walioziandika si watu wazembe. Walijua kwamba kila mtaalamu akiruhusiwa kusahihisha majina ili yafanane na maana, kila kizazi kitakuwa na orodha yake na hakuna atakayemwelewa mwenzake.

Jina Opiliones lenyewe lina historia inayofundisha zaidi. Lilitumiwa na Carl Jakob Sundevall, Mswidi, mwaka 1833. Kanuni nilizozitaja hazitawali majina ya makundi makubwa kupita familia, kwa hiyo Opiliones halikuwa na sheria ya kulilinda. Kwa miaka mingi lilishindana na Phalangida na Opilionida, na ukifungua vitabu vya zamani utayakuta yote matatu. Leo Opiliones ndilo limeenea. Halikushinda kwa kuwa maana yake ni bora, maana mchunga kondoo si bora kuliko buibui wa sumu. Limeshinda kwa kutumiwa. Waandishi walilichagua, wanafunzi wao wakalifuata, likakaa.

Laniatores ni jina la Tamerlan Thorell, Mswidi mwingine, la mwaka 1876. Hao ndio 'wachinjaji' wa mfasiri wetu. Ni zaidi ya aina 4,000, na wengi ni wa nchi za joto kama yetu. Wengi wao wana mikono miwili ya mbele yenye nguvu na miiba, ya kubania mawindo, hivyo uchinjaji una kisingizio kidogo. Lakini tazama kinachotokea majina haya mawili yakifasiriwa pamoja. Katika Kilatini cha kisayansi, Laniatores kuwa ndani ya Opiliones hakumshtui mtu, kwa kuwa hakuna anayesikia kondoo wala kisu. Ukiyatia katika Kiswahili, kisu na kondoo wote wanafufuka. Mtoto anasoma kwamba wachinjaji ni aina ya wachungaji, na Jumapili anakwenda kanisani.

Hilo la kanisani silisemi kwa mzaha tu. Mchungaji kwa Kiswahili ana kazi mbili tayari. Moja ni ya malishoni, nyingine ya madhabahuni, na muktadha ndio unaotuambia ni ipi. Neno hubeba mzigo, lakini si mzigo wowote. Kumwongezea kazi ya tatu, ya kutambaa usiku na kunuka, ni kumvunja mgongo.

Kati ya Laniatores wote yupo mmoja ambaye mfasiri alimpita kwa kasi, nami nikamrudisha nyuma. Jina lake ni Hinzuanius. Katika mswada aliandikwa 'aina moja ya visiwani, yenye jina la Kilatini'. La Kilatini? Litazame tena. Ondoa kiishio -ius, kinachobaki ni Hinzuan, jina la zamani la kisiwa cha Nzwani katika Komoro, kisiwa ambacho mabaharia Waingereza walikiita Johanna. Ferdinand Karsch, Mjerumani, ndiye aliyelitoa jina hilo mwaka 1880. Jirani yangu mmoja hapa Timbwani, ambaye babu yake alitoka Nzwani kwa jahazi, nilipomwonyesha aliguna, kisha akasema, "Kwa hivyo mdudu ana pasipoti kabla yangu."

Hinzuanius ananifaa kwa mambo mawili. La kwanza ni kwamba majina ya kisayansi si mali ya Kilatini peke yake. Yanapokea neno la lugha yoyote na kulivika kiishio, kama Kiswahili kinavyopokea neno la Kiarabu au la Kireno na kulitia irabu. Dunia yetu imo humo tayari, na anayejifanya kufasiri kila kitu bila kutazama ataipita bila salamu. La pili ni kwamba Hinzuanius hawakubaki Nzwani. Zipo aina zilizoelezwa kutoka Madagaska ambazo nazo huitwa Hinzuanius. Je, ni 'Wanzwani' wa Madagaska? Hapana. Jina lilizaliwa kisiwani, likasafiri, na huko lilikofika linamaanisha jamii ya viumbe, si mahali. Asili yake ni hazina kwa anayependa historia, lakini si maana yake ya leo.

Sasa nirudi kwenye lawama ya mwanafunzi wangu. Sisi walimu wa istilahi hufundisha vigezo vya PEGITOSCA, vinavyohusishwa na Kiingi wa Uganda. Ni vigezo tisa, na kimojawapo ni uwazi: istilahi ijieleze. Nilipokuwa kijana nilikipenda hicho kuliko vingine vyote. Niliwakata alama wanafunzi walioandika 'kompyuta' kwa sababu 'tarakilishi' lilikuwapo, nalo lilijieleza vizuri: tarakimu, akili, basi. Leo tarakilishi limo vitabuni na magazetini, lakini nenda ukatafute fundi wa kukutengenezea kifaa hicho huko mjini kwa kuulizia tarakilishi. Utarudi nacho kibovu. Katika orodha ile ile ya vigezo mna ukubalifu na ukimataifa, na hivyo nilivipitia haraka dakika tano za mwisho wa kipindi.

Hata hivyo siutupi uwazi. 'Usanisinuru' ni neno zuri mno, na mtoto akilielewa amekwisha kuelewa nusu ya somo lenyewe. Tofauti ni kwamba usanisinuru ni istilahi ya mchakato. Mchakato unaweza kuelezwa, na maelezo yake yanaweza kuwa jina. Opiliones ni jina la kundi, na jina la kundi hufanana zaidi na jina la mtu. Rafiki yangu anaitwa Masika kwa kuwa alizaliwa mvua ikinyesha. Nikimwandikia barua ya Kiingereza simwiti 'Mvua Kubwa'.

Huenda msomaji akaona nakuza jambo dogo. Basi sikiza. Mjukuu wangu alirudi na karatasi ya mtihani iliyotiwa mkasi mwekundu kwenye swali moja. Palikuwa na picha ya kiumbe mwembamba mwenye miguu mirefu, na swali lilimtaka ataje jina lake kwa Kiswahili. Yeye aliandika 'buibui'. Amekosa. Jibu lililotakiwa, lililoandikwa pembeni, ni 'baba miguu mirefu'.

"Babu, baba wa nani?" aliniuliza.

Hilo ni jina la mtaani la Kiingereza, lililofasiriwa jinsi lilivyo. Na huko kwenye Kiingereza chenyewe ni jina la vurugu, kwa maana hutumiwa kwa viumbe watatu: Opiliones wetu hawa, buibui wa familia ya Pholcidae, na nzi mmoja mkubwa wa miguu mirefu ambaye hata si araknida. Nilichukua lenzi nikaitazama ile picha. Kiumbe alining'inia kichwa chini katika utando uliolegea, na kiuno chake kilionekana. Huyo ni Pholcidae, yule tunayemwona kila siku kwenye pembe za dari zetu, anayejitikisa ukimgusa. Ni buibui halisi. Mtoto alikuwa amejibu sawasawa, akanyang'anywa alama kwa sababu ya fasiri.

Na jina hilo la vurugu linabeba uvumi wake. Wako watoto waliokwisha kuambiwa kwamba 'baba miguu mirefu' ana sumu kali kupita wote ila meno yake ni mafupi. Kwa Opiliones huo ni uongo mtupu, kwani hawana tezi za sumu hata kidogo. Kwa Pholcidae sumu ipo, kama ilivyo kwa karibu buibui wote, lakini hiyo sifa ya ukali haina ushahidi. Ukiwa na jina moja kwa viumbe watatu huwezi hata kuukanusha uvumi, maana huna neno la kumtenga mmoja na mwenzake. Ndiyo sababu naona jina linalotumika kwa usahihi, hata likiwa halijielezi, linamsaidia mtoto kuliko linalojieleza na kumpotosha.

Nilimwandikia mfasiri hayo yote, marefu kuliko nilivyoyaandika hapa, na pendekezo langu: atumie 'opilioni' kwa kundi zima. Tulifanya hivyo hivyo kwa araknida na bakteria, na hakuna aliyekufa. Majina ya chini yake, yaani Laniatores, Hinzuanius na wenzao, ayaache katika umbo la kisayansi. Maana za asili asizitupe. Azitie katika kisanduku pembeni, zisimuliwe kama hadithi ya jina, na kondoo na mironjo yao wawemo.

Mswada ulirudi wiki iliyopita. Amekubali opilioni, ila wingi aliuandika 'maopilioni'. Nimeufuta. Kiumbe ni kiumbe: opilioni huyu, opilioni hawa, kama tusemavyo kupe huyu, kupe hawa. Ukurasa wa kumi na nane sasa una ramani ndogo ya Komoro, na Nzwani imewekewa alama.

Tumebaki na ubishi mmoja. Siku aliyouleta mswada alimkuta fundi akipaka chokaa ukuta wangu. Fundi aliiona picha ya opilioni wa miguu mirefu, akasema, "Huyu naye katembea na mironjo!" Hakuwa amesikia habari za Landes. Mfasiri alilipenda neno, na sasa anataka 'mironjo' liwe jina la kawaida la kiumbe, liandikwe kwa herufi nzito juu ya ukurasa. Nami nalipenda, nisiseme uongo. Lakini nimelisikia kwa mtu mmoja, mara moja, akiwa juu ya ngazi. Nimemwambia aliweke chini ya picha kwa herufi ndogo, na tusubiri tusikie kama watoto wa Timbwani watalichukua.